Simu Niliyoificha Chini ya Mtandio

Nyumba ya Gyembo,
Nyuma ya Soko la Mboga,
Mongar, Bhutan.

26 Novemba 2023

Mpendwa mdogo wangu Yangchen,

Hujambo, mtoto wa mama yangu? Mgongo unasemaje? Mara ya mwisho tulipozungumza ulisema kuwainua wale wazee kitandani kumekuletea maumivu ya kiuno, na tangu siku hiyo kila nikiinua gunia la mchele nakukumbuka wewe. Jifunge mkanda, tafadhali, usijitie ubabe. Na shemeji Rinzin, masomo yameisha au bado anatusomea? Na Seldon wangu, meno ya mbele yameota? Bado ananijua, au mimi ni picha tu ya ukutani kwenu?

Sisi huku wazima. Baba ni mzima, isipokuwa sikio la kulia limekwisha kabisa na la kushoto linasikia likitaka. Baridi imeshashuka kutoka mlimani, mpunga tumevuna, na pilipili zimekauka juu ya paa mpaka nyumba nzima inapiga chafya. Nimekutengea kilo mbili. Najua watu wa uwanja wa ndege wa huko Perth watazitupa, lakini nimekutengea hivyohivyo.

Najua barua hii imekushangaza. Nakuona ukiigeuza bahasha huku na huku. Nifanyeje, Yangchen? Simu zangu hupokei tangu mwezi wa tisa. Nikimpigia Rinzin ananiambia, "Yuko kazini, dada." Jumapili yuko kazini, sikukuu yuko kazini. Huko Australia watu hawalali? Basi nikaenda posta nikanunua stempu. Na kusema kweli, haya ninayokuandikia sikutaka yapite kwenye simu, maana ya simu tumeyaona mimi na wewe. Barua haibonyezwi ikawafikia watu mia tatu kabla chai haijapoa.

Nimekukumbuka mpaka nakereka. Mwezi uliopita nilipika viazi na jibini, nikapakua sahani tatu. Ya tatu ya nani? Nikakaa naiangalia. Gyembo akaivuta akaila, hakuniuliza kitu.

Ujumbe wako wa mwisho bado ninao. "Dada nisamehe, filamu ya shemeji imesambaa kila mahali, na imetoka sebuleni kwangu." Nami nikakujibu, "Usijali, ni jambo dogo." Nilikudanganya. Halikuwa dogo hata kidogo. Na wewe ukajitwisha lawama peke yako, ukanyamaza, wakati mzigo wenyewe ulikuwa wangu. Hebu kaa, nikwambie yote tangu mwanzo, maana hujui hata nusu.

Unamfahamu mume wangu na filamu yake. Miaka minne Gyembo amehangaika na "Ng'ombe wa Kushoto", kwa lugha yetu ya nyumbani, si ile ya redioni na ofisini. Mzee anafiwa na ng'ombe wake mmoja wa kulimia, inabidi amfundishe ng'ombe mpya kutembea na yule aliyebaki. Basi, hadithi ndiyo hiyo. Na huyo mzee akawa baba yetu, kwa sababu hakuna mtu mwingine aliyebaki bonde zima anayejua kuwaimbia ng'ombe mtaro kwa mtaro kama yeye. Hakuigiza chochote. Alilima tu, akiwatukana na kuwabembeleza kama alivyokuwa akifanya sisi tukimpelekea chakula shambani.

Filamu ilipokwisha, Gyembo akawa mlinzi. Unajua huku kwetu hakuna majumba ya sinema, mwenye filamu anafunga projekta na spika kwenye gari na kuzunguka nayo mji kwa mji, kumbi za shule. Nakala ilikuwa moja tu, kwenye kidiski kidogo, na kidiski kilikaa ndani ya mfuko wa kifuani wa gho lake, lile vazi la kiume la kwetu, pale wanaume wanapoweka tambuu na kila takataka yao. Alikula nacho, akasali nacho hekaluni, akalala nacho. Nikamwambia, "Gyembo, mimi mkeo hujawahi kunikumbatia hivyo." Akasema, "Wewe ukiibiwa utapiga kelele."

Na mlangoni aliweka sheria: hakuna simu ukumbini. Kila mtu anaitia simu kwenye kapu la mianzi, anapewa kikaratasi cha namba, anaichukua wakati wa kutoka. Mwenye kapu alikuwa Mzee Jampel, yule aliyekuwa tarishi wa posta zamani, aliyekuwa akivuka milima na mfuko wa barua mgongoni. Gyembo alimchagua kwa sababu mtu huyo maisha yake yote hajawahi kufungua bahasha ya mwenzake. Hata mkuu wa wilaya alitoa simu yake. Mtawa wetu wa hekalu alitoa mbili, watu wakacheka.

Sasa nikukumbushe ulichoniambia siku mbili kabla ya onyesho la hapa Mongar. Ulinipigia umetoka zamu, umevaa zile nguo zenu za buluu. Ukasema, "Dada, nawaogesha baba za watu kila siku. Wangu sijamwona miaka sita." Na kweli, ungemwona wapi? Kule juu kwake mtandao wa picha haufiki, sauti yenyewe mpaka apande mpaka kwenye zizi la juu, na akifika huko hasikii. Ukaniambia, "Nionyeshe tu akitokea kwenye filamu. Dakika mbili." Nilikuwa na Mzee Jampel mezani wakati huo, anakunywa chai ya siagi, akasikia kila kitu. Ulipokata simu nikamwambia, "Miaka sita, mzee. Mtoto ana hamu na baba yake." Akatikisa kichwa, akaendelea kunywa.

Jumamosi ile saa nane mchana, madirisha ya ukumbi tumeyafunika kwa mablanketi, watu wamejaa hadi mlangoni. Mimi, mke wa mwenye filamu, nikaingia na mtandio wangu mwekundu begani, ule wa sherehe. Chini ya mtandio, simu. Mzee Jampel alikuwa pale na kapu lake. Nikampa simu ya zamani isiyowaka, akaipokea, akanipa kikaratasi namba arobaini na moja. Sikumwangalia usoni. Nikaenda nikakaa mstari wa mbele, baba kulia kwangu, amevaa gho lake zuri, anatazama kitambaa kitupu kama mtu anayesubiri basi.

Taa zilipozimwa nikakupigia kwa video. Nilitaka dakika mbili, Yangchen, naapa kwa jina la mama. Lakini baba akatokea, akaanza kuwaita ng'ombe, nami nikashindwa kujizuia, nikakunong'oneza, "Unamwona? Huyo baba, huyo!" Ukaanza kulia. Halafu ukasema, "Usikate, dada, usikate." Sikukata. Mkono ulikufa ganzi, betri ya ziada ikanichoma paja, na sikukata mpaka mwisho. Sikujua kwamba nyumbani kwako kulikuwa na wageni kumi na sita wa chakula cha jioni. Sikujua kwamba umetuunganisha kwenye televisheni. Na nani kati ya hao kumi na sita aliirekodi, sikuulizi jina lake wala usiniambie, maana nitamchukia na sitaki kazi hiyo.

Baada ya siku nane ilikuwa kila mahali. Ukurasa mmoja wa mtandaoni, wa pili, wa kumi. Sisi hatuna habari, tumeshafunga vyombo, tumevuka mlima kwenda Trashigang kuonyesha. Ukumbi ule unachukua watu mia nne. Walikuja kumi na tisa, na wanne wao walikuwa walimu wa shule hiyo wasiolipa. Gyembo akamuuliza kijana mmoja muuza duka, "Vipi, mna msiba hapa mjini?" Akajibu bila kificho, "Tumeshaiona, bwana. Hata yule mama wa kunong'ona tumemsikia." Wenzake wakaangua kicheko, mmoja akabana pua akasema, "Huyo baba, huyo!"

Yangchen, ardhi ingepasuka ningeingia. Sauti yangu imekuwa mzaha wa mashariki nzima. Watoto wanaitana hivyo njiani, "Huyo baba, huyo!" Sauti yenyewe imepitia simu, televisheni, simu tena, imekuwa kama ya mbuzi mwenye mafua, hakuna aliyenitambua. Gyembo ndiye angenitambua, lakini alikataa kuifungua hata sekunde moja. Alisema, "Sitaitazama kazi yangu kupitia mlango wa mwizi." Akazima spika, wale watu kumi na tisa wakiwa bado wamekaa, akawarudishia viingilio, akakaa kwenye ngazi za ukumbi na kidiski chake kifuani. Kwa mara ya kwanza tangu tuoane nilimwona analia, nikakaa pembeni yake nikamshika mkono, mimi mwizi mwenyewe.

Watu wakaanza kuhesabu. Imerekodiwa Mongar, maana kichwa cha mwalimu msaidizi kinaonekana pembeni. Simu imepita mlangoni. Mlango ulikuwa wa nani? Ikazagaa kwamba Mzee Jampel kahongwa na watu wa mji mkuu, Thimphu. Yeye alipoulizwa alisema tu, "Mlango ulikuwa wangu."

Gyembo hakutaka polisi. Alifanya kama tunavyofanya sisi. Akamwomba mzee aende hekaluni kijijini kwetu, mbele ya mungu mlinzi wa bonde, ale kiapo: hakuna simu aliyoiachia ipite. Akiapa, mambo yamekwisha, kila mtu anamwamini, maana anayeapa uongo pale nyumba yake haimalizi mwaka. Tulikwenda watu kama thelathini. Mzee Jampel akavua viatu, akapanda ngazi, akafika kizingitini. Akasimama. Nilikuwa nyuma yake na taa ya siagi mkononi. Akatazama ndani muda mrefu, kisha akageuka, akashuka, akaanza kuvaa viatu vyake.

"Vipi, mzee?" Gyembo akamuuliza.

"Siwezi."

"Huwezi, au hutaki?"

"Siwezi, mwanangu."

Basi. Kwa watu ikawa amekiri. Nami nilisimama pale na taa yangu, nikanyamaza. Ndiyo, Yangchen, dada yako mwenye mdomo, aliyekufundisha kusema kweli kwa kukufinya masikio, alinyamaza. Nilijiambia nitamwambia Gyembo nyumbani. Nyumbani nikajiambia kesho.

Kesho ikawa wiki mbili. Katika wiki hizo mbili wenye maduka waliacha kumkaribisha mzee tambuu. Kwenye mashindano ya upinde timu yake ilimpa zamu yake mtu mwingine, na yeye alikuja hivyohivyo, akakaa upande wa kuangalia, upinde magotini. Mkewe akaacha kuja sokoni. Wazee wa kijiji wakatuma habari: aitwe mara ya pili, na akikataa tena, asishike tena taa za hekalu wala kubeba kitu cha sherehe. Kwa mtu wa miaka sabini na mbili, hilo ni sawa na kumwambia ahame.

Nilimwendea kwake. Alikuwa uani anapasua mianzi. Nikakaa chini kwenye vumbi mbele yake, nikashindwa nianzie wapi, akanianzia yeye.

"Umekuja na ile namba arobaini na moja?"

Nikasema, "Mzee, ulijua?"

"Nilikuwa tarishi miaka ishirini na tisa. Simu isiyo na uzito wa betri siijui? Na mtandio unaong'aa kwa ndani siuoni?"

"Sasa mbona hukunizuia?"

"Nikuvue mtandio mbele ya watu, mke wa mwenye filamu? Na nilikusikia pale mezani, mtoto hajamwona baba yake miaka sita. Nikatazama pembeni. Basi nitaapaje kwamba hakuna iliyopita? Imepita moja, na mimi nimeona."

"Ungesema ni mimi!"

Akapasua mwanzi mwingine kabla hajanijibu. "Hilo ni la kwako, mama. Langu ni kutokuapa uongo."

Nililia pale mpaka mkewe akatoka kuona kuna nini. Sijawahi kujiona mdogo hivyo.

Siku ya pili ya kiapo ilikuwa Jumatano asubuhi. Ua wa hekalu ulijaa kuliko ukumbi wa Trashigang, na baba pia alikuwepo, amekaa juani na kofia yake ya sufu. Kabla hawajamwita mzee, nikatoka katikati. Nikasema, kwa sauti ili nisije nikarudia mara mbili, "Huyo mama wa kunong'ona ni mimi. Simu ilikuwa yangu, niliipitisha chini ya mtandio, nimuonyeshe Yangchen baba. Mzee Jampel aliniona akanihurumia. Hana kosa lolote."

Hakuna aliyecheka. Gyembo akaniuliza jambo moja tu. "Dakika ngapi?"

"Yote," nikasema.

Akafumba macho. Halafu akanipita, akaenda moja kwa moja kwa Mzee Jampel, akainama mpaka ncha za shuka lake la begani zikagusa ardhi, kama tunavyoinamia wakubwa. Mzee akamshika mabega akamwinua, akamwambia, "Projekta yako itengeneze ile feni, inapiga kelele." Timu ya upinde ikaja mmojammoja kumpa mikono. Nilifurahi, na bado nilitamani kutoroka.

Kwangu mimi, Gyembo hakupiga kelele. Angepiga kelele ningepona. Siku tatu alinisemesha mambo ya chumvi na kuni tu. Ya nne, tunakunywa chai, akasema kama anayezungumza na kikombe, "Mke wangu mwenyewe kaniibia kwa ajili ya mdogo wake. Basi hao wengine walioko nje wangefanya nini? Nimezunguka na gari mlima kwa mlima, na nusu ya watu wetu wako ng'ambo. Sikuwawekea hata dirisha." Unamkumbuka yule binti Deki wa Thimphu, mwenye kampuni ya kuonyesha filamu zetu mtandaoni kwa kulipia? Mwaka mzima alikuwa anambembeleza Gyembo, na Gyembo anamjibu kwamba mtandao ni mtandao, wa kulipia na wa wezi ni mmoja. Siku hiyo alimpigia mwenyewe. Wakazungumza saa nzima. Nilisikia anauliza kama mtoto, "Na mtu wa Perth akilipa, kweli ataiona yote? Na hawezi kuichukua? Na nitajua wangapi wameitazama?"

Basi iko huko tangu Alhamisi iliyopita. Unalipa kwa kadi ya benki ya huko, unafungua kwenye televisheni, picha safi, hakuna kichwa cha mwalimu wala mbuzi wa kunong'ona. Wimbo wa baba upo kamili, ule wa mtaro wa mwisho, ambao kwenye ile ya wizi nimeuharibu mimi kwa domo langu. Waite watu wako, hata hao kumi na sita. Kila familia ilipie nyumbani kwake, tafadhali, msijazane thelathini kwa malipo ya mmoja, nawajua. Deki anasema wa kwanza kulipia nje ya nchi alikuwa mpishi mmoja wa huko Kuwait, akaiangalia mara tatu siku moja. Gyembo amemwandika jina lake ukutani kwa mkaa. Na wale wenye kurasa wameanza kuiondoa, si wote, lakini tunawaandikia mmojammoja na Deki anatusaidia.

Sasa nikwambie jambo la aibu. Ile nakala ya wizi nilikuwa nayo kwenye simu yangu. Niliitazama mara nyingi, Gyembo akiwa nje, na sikuitazama kwa ajili ya filamu. Aliyerekodi alirekodi na sebule yako. Mnasikika. Seldon anasikika anaomba juisi, kwa Kiingereza, halafu anaomba tena kwa lugha yetu, "Mama, nipe." Na wewe unasikika unalia, halafu unacheka baba anapomtukana ng'ombe, kicheko chako kile cha puani. Hupokei simu, kwa hiyo hiyo ndiyo sauti yako niliyokuwa nayo. Jumatano ile ya kiapo, jioni, niliifuta, kwa sababu siwezi kusimama mbele ya watu nikakiri halafu nirudi nyumbani nikaifungue. Tangu hapo nyumba iko kimya, sina kitu chako cha kusikiliza.

Nimebakiza moja, nalo ndilo lililonikalisha kuandika.

Pale uani, watu walipoanza kutawanyika, baba alikuwa bado amekaa juani. Hakuwa amesikia maneno yangu, upepo ulikuwa upande wa sikio bovu. Akanivuta mkono akauliza, "Umesema nini mpaka watu wamenyamaza hivyo?" Nikapiga magoti, nikamweleza kwenye sikio la kushoto, taratibu, yote: kwamba siku ile ya filamu nilikuwa na simu, kwamba wewe ulikuwa upande wa pili wa simu, kwamba ulimwona analima, ulimsikia anaimba, ulilia.

Akaniuliza, "Yangchen alikuwemo humo? Mle ukumbini, mkononi mwako?"

"Ndiyo, baba."

"Muda wote?"

"Muda wote."

"Mimi nilikuwa nimekaa hapo ubavuni mwako."

"Ndiyo, baba."

Akanitazama, Yangchen, na macho yake yale yamejaa maji. "Na hukunigeuzia nimwone?"

Nilikuwa nimeielekeza simu kwenye kitambaa, umwone baba wa filamu, na baba mwenyewe yuko mkono wangu wa kulia, wala haikunipitia akilini.

Kwa hiyo nimemshusha. Yuko hapa Mongar nyumbani kwetu mpaka mwaka mpya, ng'ombe tumewaacha kwa jirani. Hutaki kuzungumza na mimi, sawa, usizungumze na mimi. Kila Jumapili saa sita mchana ya huku, saa nane ya kwenu, simu itakuwa mkononi mwake, si mwangu. Anavaa lile gho lake zuri tangu asubuhi. Jumapili hii ya leo alikaa hadi chai ya jioni, tukampigia mara saba. Nilimwambia uko kazini.

Nisalimie Rinzin, mwambie sijamkasirikia kwa uongo wake, anautumikia vizuri. Mbusu Seldon kila shavu, mwambie juisi yake iko huku. Gyembo anakusalimu sana, na amesema niandike kwamba hana kinyongo na wewe hata chembe. Mzee Jampel na mkewe wanakusalimu. Mzee ndiye aliyeniandikia anwani yako kwenye bahasha, kwa mwandiko wake wa posta, ili isipotee njiani.

Mungu mlinzi wa bonde letu akulinde huko ulipo, akupe mgongo mzima na usingizi wa kutosha, na akurudishe ungali na mtu wa kumwita baba.

Pokea simu, Yangchen.

Dada yako akupendaye, aliyekufinya masikio na anayekulilia,

Lhaden